UZI: Fort Jesus imeshikwa na wangapi, ikatumika kwa nini, na kwanini kila aloingia alitolewa

MwanaKibokoni

Assalam alaykum wana jamvi, na wengine wote hamjambo. Huu uzi ntaushusha vipande vipande manake ni mrefu, mtu ajitilie kahawa kabisa akae.

Kinachoniuma ni hiki. Watoto wetu wapelekwa Ngomeni na shule kila muhula, wakitoka ukiwauliza mumejifunza nini wakwambia ilijengwa na Wareno mwaka 1593. Basi. Imeishia hapo. Kama kwamba Wareno walijenga, wakafunga mlango, wakaondoka na ufunguo, alafu mzungu mwengine akaja akafungua kukawa na makumbusho. Sasa hesabuni wenyewe, Mreno alikaa mle miaka mia na kitu, tena katikati hapo alitolewa mara moja. Imebaki miaka zaidi ya 320 ambayo ngome ilikua mikononi mwa watu wengine kabisa, WaOmani, Mazrui, askari wa Kibaluchi wa Sultani wa Zanzibar, Mwingereza na jela yake, na sasa Makumbusho ya Taifa. Hio miaka ndo historia yetu sisi na ndo inorukwa.

Na kuna jambo moja nataka mulishike mwanzo wa uzi mpaka mwisho. Ule ukuta kwa karibu miaka 280 haukuwahi kuvunjwa na adui alosimama nje akaupiga mpaka akaingia. Kila alotolewa mle alitolewa na njaa, ama maradhi, ama watu wa ndani, ama mji umemgeukia. Siku ukuta uliposhindwa kweli na mizinga, haikupita miaka mingi ngome ikafanywa jela. Haya tuanze.

MwanaKibokoni

KWANINI ILIJENGWA

Vasco da Gama alipita hapa 1498 akaona mji umesimama na bandari nzuri, hakupokewa vizuri akaenda zake Malindi. 1505 Almeida akaja akauchoma mji. 1528 Nuno da Cunha akauchoma tena. Lakini kuchoma mji na kuushika ni vitu viwili tofauti, wakichoma waenda zao India, watu warudi wajenga upya. Mombasa haikua ya kutawalika hivo.

Kilichowatia hofu ni Mturuki. Miaka ya 1580 alikuja nahodha wa Kituruki aitwa Mir Ali Bey, watu wa pwani wengi wakamfuata, mara ya pili akajiweka hapa hapa Mombasa. 1589 Wareno wakaja na jeshi la majini kutoka Goa, makao yao makuu huko India, kumtoa, na wakati huohuo upande wa bara wameshafika Wazimba, wapiganaji walotoka kusini, wamepiga kambi ng'ambo. Mji ukabanwa huku na huku, ukaangamia. Baadae Wasegeju wa upande wa Malindi wakawapiga Wazimba, wakaiingia Mombasa, na sheikh wa Malindi ambae alikua rafiki wa Wareno akahamia hapa akawa ndie sultani.

Hapo ndo Mreno akasema sasa tujenge. Amri ilitoka kwa mfalme Philip wa pili wa Spain, ambae wakati huo ndie alokua akitawala Ureno pia. Mchoro ulichorwa na Giovanni Battista Cairati, Mtaliano wa Milano, fundi mkuu wa majengo ya Wareno huku mashariki. Kazi ilianza 1593, ikafika pa kutumika 1596, mwaka ambao Cairati alikufa. Lakini alochora sie alobeba mawe jamani. Waashi waliletwa kutoka India, vibarua wakatoka Malindi, na mawe ni matumbawe ya hapahapa. Ukienda usiangalie tu kule juu, angalia chini penye handaki upande wa mji, utaona ukuta hauna mahali unapoanzia, mwamba wenyewe umechongwa wima ukawa ni ukuta, alafu juu yake ndo wakaendelea kupandisha mawe na chokaa. Ukisogeza uso karibu waona mpaka michoro ya matumbawe yenyewe, vile vidude kama maua, viko mle kwenye jiwe. Huwezi kuchimba chini ya ukuta kama huo ukauangusha.

Tuktuk_Tudor

Shukran ndugu endelea. Swali, wale wanaotembeza wageni pale wasema ngome ukiiangalia kutoka juu ni umbo la mtu amelala, kichwa kiko baharini. Ni kweli ama ni maneno ya kuuzia wageni?

MwanaKibokoni

Ukiangalia picha ya juu kweli waliona hilo umbo, kiwiliwili na mikono na miguu na kile kipande kinachotokeza baharini ndo kichwa. Lakini mimi naona cha maana pale ni vita. Kuna buruji nne, yani zile pembe za ukuta zilotokeza nje za kuwekea mizinga, mbili upande wa bahari, Mateus na Matias, na mbili upande wa bara, Alberto na Filipe. Zimepangwa hivi kwamba mtu akikaribia ukuta wowote, kuna buruji nyengine inamuona ubavuni, hakuna pembe ya kujificha. Hio ndo elimu ya Italia ya zama zile, mizinga ilikua imeshaanza kuangusha kuta ndefu nyembamba za zamani, ikabidi wajenge ukuta mnene wenye pembe. UNESCO walipoiandika urithi wa dunia 2011 sababu kubwa ilikua hio, kwamba ni katika mifano bora iliyobaki ya ngome za Kireno za karne ya 16.

MwanaKibokoni

1631, NGOME YATOLEWA KWA NDANI

Hii ndo sehemu ambayo ningetaka kila mtoto wa Mombasa aijue.

Yule sultani alohamishwa kutoka Malindi, mwanawe Hasan bin Ahmad akagombana na makapteni wa ngomeni. Ugomvi wenyewe ni wa pesa, ushuru wa bandari na nani ni mkubwa wa nani. 1614 akakimbilia Rabai na huko akauliwa kwa fitina ya Wareno. Kaacha mtoto mdogo, Yusuf. Wareno wakamchukua yule mtoto wakampeleka Goa, akalelewa na mapadri, akabatizwa akaitwa Dom Jerónimo Chingulia, akafunzwa mpaka kazi ya mizinga na bahari. 1626 akarudishwa Mombasa kuwa mfalme, Mkristo, na mke Mkristo, na Mreno akaona mambo yamemnyookea sasa.

Hawakumheshimu. Kapteni wa ngome alikua akimfanya kama mtumishi wake, na watu wa mji nao hawamuamini kwa sababu ya dini. Lakini ilionekana akenda usiku kuomba kwenye kaburi la babake, kwa desturi ya Kiislamu, na habari zikafika ngomeni. Kabla hawajamkamata yeye akatangulia. Agosti 1631 akaingia ngomeni na watu wake kwa njia ya ziara tu, siku kuu yao, milango i wazi, akamuua kapteni Pedro Leitão de Gamboa kwa mkono wake, na ngome yote ikawa yake. Ile ngome ilojengwa kuzuia Waturuki ikaanguka mchana, bila mzinga hata mmoja kupigwa ukutani.

Kilofuata mjini kilikua cha kutisha na sitakipunguza, Wareno waliokua wakiishi mjini waliuliwa, wanawake na watoto, na Waafrika waliokua Wakristo pia, walokataa kuuacha Ukristo. Kanisa Katoliki mpaka leo lawakumbuka kama mashahidi wa Mombasa. Mtu aweza kuelewa uchungu wa Yusuf bila kuhalalisha kila alichofanya.

Mwaka ulofuata wakaja kutoka Goa kuizingira. Wakashindwa! Waloijenga wenyewe, wenye mchoro, wakashindwa kuiingia, wakarudi. Lakini Yusuf akaona hatoweza kukaa peke yake siku zote, Mei 1632 akapakia mizinga kwenye jahazi akaondoka, akawa anawavizia Wareno baharini mpaka alipokufa 1638 huko Bahari ya Sham. Wareno wakarudi wakaikuta tupu.

Juu ya lango kuu kuna jiwe limeandikwa Kireno, la kapteni Cabreira. Ajisifu pale vile aliijenga upya ngome na vile aliwatiisha watu wa pwani, miji yataja mmoja mmoja na adhabu zake. Watu wengi wapita chini yake bila kuinua kichwa. Inueni kichwa siku moja, ni majivuno ya mtu alokua na hofu.

Chalii_Changamwe

Wueh hii ya Yusuf sijawahi skia na nimesoma hapa hapa Mombasa darasa la kwanza mpaka fomu foo. Kuna barabara yake? Kuna chochote chenye jina lake?

MwanaKibokoni

Ndugu yangu ndo maana nikaanzisha uzi. Reitz, Luteni wa Kiingereza alokaa hapa miezi michache tu 1824 akafa, ana Port Reitz. Ntafika kwake.

MwanaKibokoni

1696 HADI 1698, MIEZI 33

Watu wa pwani walikua wameshatuma watu Omani kuomba msaada, na Omani wenyewe walishamtoa Mreno Maskati 1650. Machi 1696 majeshi ya Imamu Saif bin Sultan yakafika Mombasa. Mji ukachukuliwa upesi, ngome ikabaki. Wareno wachache, na pamoja nao watu wa pwani waliokua upande wao, wengi wao wa Faza, wakajifungia ndani.

WaOmani hawakua na haja ya kuvunja ukuta. Wakakaa. Meli za msaada zikaja mwisho wa 1696 zikaleta watu na chakula, lakini baada ya hapo maradhi yakaingia ngomeni yakawafagia. Ilipofika mwisho wa Agosti 1697 Wareno wote walikua wamekufa. WOTE. Sasa ngome imeshikwa na nani? Na Bwana Daud wa Faza, na jamaa zake, na wanaume wachache wa Kiafrika, na wanawake wa Kiafrika wapata 50. Hao ndo walioshika ngome ya mfalme wa Ureno mpaka msaada ulipofika Septemba. Kila nikifika hapa huwa nasimama. Wanawake hamsini majina yao hayakuandikwa popote, wamelinda buruji nne wakiwa na njaa, na kwenye vitabu vingi wapita kwa mstari mmoja. Na Bwana Daud nae, wengine wamuita msaliti kwa kusimama na Mreno. Mimi naona alikua na hesabu zake za kisiasa, Faza na Pate zilikua na uhasama wa miaka mingi, na Pate ilikua na Omani. Siasa za pwani hazikuanza leo.

Katika huo msaada ndo ilikuepo ile meli Santo António de Taná. Oktoba 1697 ikazama pale pale mbele ya ngome. Ilikaa chini ya maji mpaka miaka ya 1977 hadi 1980 wapiga mbizi wa utafiti wakishirikiana na Makumbusho wakaichimbua, na vitu vyake viko mle ndani kwenye maonyesho, vyombo, silaha, mpaka vitu vya kutumia mabaharia.

Desemba 13 mwaka 1698 WaOmani wakaupanda ukuta, ndani wamebaki watu wa kuhesabika kwa vidole. Siku chache baadae meli za msaada zikatokea baharini, nahodha akaona bendera si yake, akageuza.

BintiAmu

Mashallah kaka umeandika vizuri. Nilitaka kuongeza kitu sisi wa Amu, yani Lamu, ngome yetu pia ilipita mlemle, ilijengwa karne ya 19 miaka ya 1813 hadi 1821 hivi baada ya vita vya Shela, alafu Mwingereza akaifanya jela, na ikakaa jela mpaka 1984. Bibi zetu wakipita pale walikua hawaangalii mlango. Saa hii ni makumbusho na maktaba, harusi na maulidi zafanyika pale mbele. Kwahio jela kugeuzwa makumbusho si Mombasa peke yake.

MwanaKibokoni

Ahsante dadangu. Na tazama vile yenu ilijengwa na watu wa Amu wenyewe na Omani pamoja, hakuna Mreno hapo, lakini mwisho Mwingereza akaona matumizi ni yaleyale, ukuta mrefu na mlango mmoja, weka wafungwa.

MwanaKibokoni

MIAKA YA MAZRUI

Kwa haraka kidogo: 1728 askari wa ndani ya ngome wakaasi dhidi ya WaOmani, Mreno akapata upenyo akarudi. Hakumaliza hata miaka miwili. Watu wa mji walimchoka kwa miezi michache tu, 1729 wakainuka, wakaifunga ngome isipate chakula, na Novemba mwaka ule Wareno wakatoka kwa mapatano na hawajarudi tena. Muangalie hapo, alomtoa Mreno mara ya mwisho Mombasa ni watu wa Mombasa, na silaha yao ilikua ni kumnyima chakula.

Baada ya hapo akaja liwali kutoka Omani, na kwenye miaka ya 1730 na kitu uliwali ukaingia mikononi mwa Mazrui. 1741 huko Omani utawala ukabadilika, Al-Busaidi wakashika. Liwali Muhammad bin Uthman Mazrui akasema huyo simjui, mimi ntakaa na Mombasa yangu. Wakatumwa watu wakamuua mlemle ngomeni. Nduguye Ali bin Uthman alikua amefungwa mle akatoroka, akasaidiwa na watu wa mji, akairudia ngome akaishika. Toka hapo mpaka 1837 Mombasa ilijitawala.

Hii ndo enzi ambayo ngome ilikua nyumba. Watu walioana mle, walizaa mle, kesi zilikatwa mle. Kile chumba cha baraza ya Mazrui mabaki yake yapo, na baraza za mawe zimejengwa ukutani huku na huku vilevile kama za nyumba zetu za Mji wa Kale, wazee wakae wasikilizane. Hapo karibu ndo kumehifadhiwa ule ukuta wa michoro ya askari wa Kireno, walikua hawana la kufanya wakachora kwa makaa na udongo mwekundu, majahazi, samaki, watu, hata kinyonga yumo. Mimi hukaa pale kuliko mahali popote, manake ile mizinga na yale majiwe yanakwambia habari za wafalme, lakini yule askari alochora kinyonga alikua tu ni kijana yuko mbali na kwao anangoja meli.

Liwali hakuweza kutawala bila mji. Thenashara Taifa, yale makundi kumi na mawili ya Waswahili wa mji, yani Tisa Taifa na Tatu Taifa, zikimuunga mkono yuko salama, zikigawanyika ameisha. Na bara kulikua na Mijikenda, nafaka ikitoka kwao na askari pia. Hiyo ngome ilikua yaishi kwa mikataba na majirani.

Mzee_wa_Majengo

Hapo kwa Mazrui usisahau Muyaka bin Haji. Mashairi yake ya vita na Seyyid Said, mtawala wa Omani, mpaka leo wazee wayajua kwa moyo. Na usipite 1824 juu juu.

MwanaKibokoni

Sawa ami, nimesikia.

Seyyid Said alikua anawakaba Mazrui, ameshawanyang'anya Pate, Pemba ameshaichukua. Wakaona bora waombe ulinzi wa Mwingereza. Kapteni Owen akaja na manuari yake Februari 1824 akakuta bendera ya Kiingereza imeshapandishwa juu ya ngome na Mazrui wenyewe! Akakubali kuwalinda, masharti yake ni kuacha biashara ya utumwa, akamuacha Luteni Reitz, ambae alikufa kwa homa mwaka huohuo. London haikukubali mpango wa Owen, 1826 wakashusha bendera wakaondoka. Mazrui wakabaki peke yao.

Seyyid Said akaja na meli 1828, akaingia kwa maelewano, akaweka askari wake ngomeni. Alipoondoka tu Mazrui wakawazingira wale askari kwa njaa mpaka wakatoka. Akarudi akapiga, akashindwa. Akarudi tena, akashindwa. 1837 ndo akafaulu, na si kwa mizinga, ni kwa sababu Mazrui wenyewe walikua wamegawanyika baada ya liwali kufa na wazee wa taifa wengine wakamuunga mkono yeye. Rashid bin Salim akasalimu. Baadae viongozi wa Mazrui wakaitwa, wakakamatwa, wakatiwa jahazini kupelekwa Bandar Abbas, hawakurudi. Waliobaki wakahamia Gasi na Takaungu. Familia nyingi za pwani hii bado zina hilo jeraha, tuliongee kwa adabu.

Chalii_Changamwe

Kwahio point yako ni kwamba ukuta hauna maana? Si ungekua hauna maana wasingepigania miaka yote hiyo.

MwanaKibokoni

La, sikusema hauna maana. Ukuta ulikua unakupa muda. Ukiwa na ngome waweza kungoja, mwezi, mwaka, miaka miwili na zaidi. Lakini ukingoja lazima uwe na mtu wa kukuletea chakula, na huyo mtu alikua ni mji au ni meli. Ukikosana na mji na meli haziji, ukuta wenyewe unakua ndo kaburi lako. Wareno 1698 walikufia nyuma ya ukuta mzima kabisa.

MwanaKibokoni

1875, SIKU UKUTA ULIPOSHINDWA

Baada ya 1837 ngome ikawa kambi ya askari wa Sultani, wengi Wabaluchi na Waarabu. Wabaluchi wa Makadara hapa Mombasa mizizi yao mingi yatoka kwenye hao. Mkubwa wa ngome alikua ni akida, na Muhammad bin Abdallah al-Bakhshuwain, akida mmoja wa zama za Seyyid Barghash, akakosana na Sultani, akajifungia ngomeni akaanza kuupiga mji mizinga.

Wakati huu Sultani hakuleta majahazi ya kuzingira. Aliletewa manuari mbili za Kiingereza, Nassau na Rifleman. Januari 18 mwaka 1875 zikaipiga ngome kwa muda wa masaa tu na akida akasalimu siku ileile. Hesabuni tofauti, 1696 ilichukua miezi 33, 1875 ilichukua siku moja. Mizinga ya meli za mvuke ilikua imeshapita uwezo wa matumbawe na chokaa. Cairati alichora kwa mizinga ya zama zake.

Na mimi naona hapo ndipo ngome ilipoacha kuwa ngome. 1895 Mwingereza alipotangaza utawala wake rasmi, mwaka huohuo akaigeuza jela. Kwa kulinda bandari haikua tena na kazi, lakini kwa kuzuia mtu asitoke ukuta ulikua bado mzima. Ikakaa jela mpaka 1958. Miaka 63! Hio ni zaidi ya nusu ya muda wote alokaa Mreno, na ukiingia leo hio miaka karibu hauioni kabisa, manake majengo mengi ya jela yalibomolewa wakati wa kuchimbua ya zamani.

Na juu ya hio jela bendera iliokua ikipepea ilikua ni nyekundu ya Sultani wa Zanzibar, kwa sababu mwambao kisheria ulikua bado ni wake, Mwingereza anaukodi. Ikapepea mpaka uhuru 1963.

Mzee_wa_Majengo

Hili la jela ni kweli na wanangu wengi hawajui. Sisi tulipokua wadogo ukiambiwa "fulani yuko Ngomeni" hakuna alouliza amekwenda kutembea. Mama mtu alia. Ilikua ukifanya utundu waambiwa ntakupeleka Ngomeni, na mtoto akanyamaza. Ilipofunguliwa watu kuingia kuangalia, wazee kadhaa niliowajua hawakukubali kukanyaga mle mpaka walipokufa, wasema mimi siingii jela kwa miguu yangu. Naomba waloko Makumbusho waweke japo chumba kimoja cha jela, pingu na sare na majina ya walofungwa, kabla wote waloiona hatujaisha.

MwanaKibokoni

Ami umesema kitu kikubwa na mimi naliunga mkono kwa mikono miwili. Watu wa miaka ya 50 bado wapo, wako Majengo, Kisauni, Likoni, Changamwe. Mtu akae nao na simu arikodi.

Kumalizia hio sehemu: 1958 ikatangazwa mnara wa kihistoria, taasisi ya Gulbenkian ya Ureno ikatoa pauni 30,000 za kuitengeneza, James Kirkman, mtafiti wa mambo ya kale alokua akichimbua magofu ya Gede, akaja kusimamia, makumbusho yakafunguliwa 1960. Ndo mle munaona vyungu na vyombo vya Gede, Manda, Ungwana, yani imekua ghala la pwani nzima. Na ule mwanya wa chini wa matao unaoteremka baharini, ulokatwa kwenye jiwe, usiupite. Ndo mlango wa chakula. Vita vingi nilivyovitaja humu viliamuliwa na kama ule mlango ulikua waingiza kitu au hauingizi.

Tuktuk_Tudor

Swali la mwisho kwangu. Ule ukuta mpya wa mawe uliojengwa kule chini baharini wa nini? Wengine wasema wameharibu sura ya ngome.

MwanaKibokoni

Ni wa kuzuia mawimbi. Bahari ilikua imeshaanza kuula mwamba kutoka chini, kule upande wa Mama Ngina, pale pa kupumzikia kando ya bahari, mpaka chini ya ngome, na ngome yote imekalia huo mwamba, ukiliwa chini juu kwafuata. Serikali ikajenga kinga karibu miaka ya 2017 na 2018. Sura imebadilika ndio, na mimi pia nilipenda ilivyokua, mwamba unaingia majini moja kwa moja. Lakini kati ya sura na kuporomoka, mimi nachagua kinga. Nnachotaka ni uangalizi wa kila mwaka, si kujenga mara moja wakaenda zao, manake maji yakizuiliwa hapa yatafuta pengine pa kugonga, na jirani hapo kuna nyumba za watu wa Mji wa Kale na wavuvi wanaofunga madau.

BintiAmu

Kaka hebu tuwekee pia ile ngome ndogo ya Mama Ngina, wengi twapita tukinywa madafu hatujui ni nini.

MwanaKibokoni

Ile ni mabaki ya Fort St Joseph, Wareno waliiweka kulinda mlango wa bahari, meli ipigwe kabla haijafika mbele ya ngome kubwa. Imebaki ukuta mdogo tu na wengi waukalia wakila mihogo. Ntafungua uzi wake wiki hii, na nguzo ya Mbaraki ntaiweka humohumo kwa sababu ziko njia moja. Mwenye picha za zamani za hapo kabla hapajatengenezwa aniwekee hapa chini.